Mwezi wa Alfajiri Ni Wako

Malangali, Sumbawanga
29 Mei 2025

Kwako Monika,

Tumsifu Yesu Kristo. Sisi wote wazima, ila baridi imeanza kweli. Mama ameshatoa mablanketi mazito kwenye sanduku na nyumba nzima inanuka naftalini.

Barua hii nimempa mkononi Yusto, dereva wa masista wenu, alipokuja mjini kuleta mayai. Ameniambia ninyi aspiranti, mnaoanza safari ya utawa, mmeacha simu nyumbani, kwa hiyo anayekutaka aandike. Wenzetu wamesikitika, mimi nimefurahi. Unanijua kwenye simu, naishia kusema "ndiyo" na "sawa" mpaka mtu anauliza kama mtandao umekatika. Kwenye karatasi hakuna anayenisubiri.

Nina shida na nakuomba unisaidie. Unaukumbuka ule mchezo wa kwenye kompyuta ya Mama Precious pale steshenari kwake, wa nyumba yenye vyumba vilivyofungwa, tuliouanza wote wawili wakati tunasubiri matokeo ya mtihani? Wewe uliondoka tukiwa chumba cha pili, kile chenye ulezi umeanikwa sakafuni. Sasa nimebakiza chumba kimoja tu. Nimekwama.

Na sasa si mchezo tena, Monika. Waliouweka mtandaoni wametangaza mafunzo ya kutengeneza michezo kama huo, Mbeya, mwezi wa saba, kwa waliomaliza kidato cha nne. Hawaulizi ulipata daraja gani. Wanachotaka ni uwe umefungua vyumba vyote kabla mwezi wa sita haujaisha. Wewe unajua daraja langu. Kidato cha tano hakuna, na mama ameshaongea na shangazi Edith wa Laela niende kumsaidia kununua mahindi pale stendi. Kazi yenyewe ni kusimama barabarani na kuwaita wakulima kwa sauti. Mimi, Monika! Mimi ambaye nikitaka kushuka kwenye basi namwomba jirani aseme "shusha". Nimemwomba mama anipe hadi mwisho wa mwezi wa sita. Amekubali, lakini amekubali kama mtu anayemwachia mtoto amalizie kulia.

Mlango wenyewe uko hivi. Kuna duara lenye nafasi nane. Pembeni kuna sahani nyingi zilizochorwa mwezi, nyingi kuliko nafasi. Katikati amesimama mtu ametupa mgongo, na kushoto kwake kuna dirisha lenye jogoo anayewika. Juu ya mlango pameandikwa: "Panga mwezi kama mtu huyu anavyouona kwao, toka giza hadi giza." Ukikosea, mshumaa unazimika na huruhusiwi kujaribu tena mpaka kesho yake. Wala huambiwi umekosea wapi.

Andwele, yule mdogo wake Mama Precious anayetoa fotokopi, alitafuta picha mtandaoni na tukapanga kama zilivyo. Kule mwezi mwembamba umesimama wima kama mundu, unaanzia upande mmoja na kumalizikia wa pili. Mshumaa ukazimika. Ndipo nikaukumbuka ule ulezi. Nyumba ile ni ya huku kwetu au ya mahali kama kwetu, kwa hiyo mwezi wake ni lazima uwe huu wetu.

Jana jioni nikatoka nje kuutazama. Ni mwembamba kama kucha, Monika, na haujasimama. Umelala chali kama bakuli. Nimekuchorea hapa chini. Kati ya sahani ipo moja ya hivyo hivyo.

Sasa, mwezi wa jioni nauona, lakini ule wa kuzeeka unatoka alfajiri, na kwetu upande huo kuna mikaratusi ya jirani. Ukija kuivuka, jua nalo limeshatoka. Tena mama hafungui mlango kabla ya mwanga. Ninyi huko mnaamka kabla ya kuku. Nakuomba unitazamie mwezi wa alfajiri unavyozeeka, hasa mwishoni kabisa ukiwa mwembamba, kisha unichoree. Wa jioni nitautazama mimi. Wa alfajiri ni wako.

Rafiki yako,
Kalista

*

Kaengesa
8 Juni 2025

Kalista mpenzi,

Tumsifu Yesu Kristo. Barua yako nimeisoma mara nyingi mpaka Kristiana, tunayelala vitanda jirani, akaniuliza kama ni ya mvulana. Nikamwambia ni ya mwezi. Akasema nimeanza kuchanganyikiwa mapema, wengine huchelewa hadi unovisi, hatua inayofuata.

Mimi mzima. Tunavuna ulezi. Unakata masuke kwa kisu kidogo, unayatupia kikapuni, mgongo unauma, halafu sista mmoja anaanzisha wimbo na unajikuta umemaliza tuta bila kujua. Mikono yangu imekuwa kama ya bibi. Usimwambie mama yangu.

Kuhusu kazi yako, kuna ugumu kidogo. Kuanzia tukizima taa hadi chai ya asubuhi ni ukimya, hatuongei, na tukiamka tunatoka bwenini moja kwa moja hadi kanisani. Huwezi kusimama uwanjani kushangaa mbingu. Sista Cornelia, mlezi wetu, anatembea nyuma kama mchunga kondoo, na hata chafya anaijua ni ya nani. Ila wenye zamu ya kukamua ng'ombe wanakwenda zizini kabla ya wengine, na zizi letu liko mahali wazi kabisa, hakuna mti. Kristiana ana zamu hiyo wiki ya mwezi kuzeeka na anaichukia kwa sababu ya baridi. Nimemwomba tubadilishane, nimfulie. Amekubali kabla sijamaliza sentensi.

Nitakuchorea. Usihofu.

Halafu Kalista, kumwita mkulima barabarani si dhambi. Lakini nakuombea Mbeya.

Wako,
Monika

*

Malangali, Sumbawanga
13 Juni 2025

Kwako Monika,

Asante. Asante tena kwa kufua nguo za watu kwa ajili yangu.

Nikusimulie nilipofika. Ulipofika wakati wa nusu mwezi, nilisimama uani jua linazama. Mwezi ulikuwa juu karibu na utosi. Nikatazama nikiwa nimeelekea jikoni, nikaona mwanga uko kushoto. Nikaandika kushoto. Nikageuka kumsikiliza mama, nikatazama tena, mwanga uko kulia! Nikageuka tena, kushoto. Nikawa nazunguka pale uani na shingo nimeikunja nyuma, mama akauliza, "Kalista, unacheza ngoma gani hiyo isiyo na ngoma?" Andwele naye, aliyekuwa ameleta mkate, akasema naonekana kama kuku anayekunywa maji.

Niliona aibu, nikaingia ndani. Lakini nikiwa ndani ndipo nilipoelewa. Mwezi haukugeuka, niliyegeuka ni mimi. Mwanga wenyewe kila mara ulielekea kule jua lilikozama. Sasa mkumbuke yule mtu wa mchezoni na jogoo wake wa kushoto. Jogoo anawika jua linakotoka. Kwa hiyo kushoto kwake ni mawio na kulia kwake ni machweo. Nusu mwezi wa kwanza, ule wa jioni, lazima mwanga wake uwe kulia. Na nusu ya pili, ya asubuhi, iwe kushoto. Sijawahi kuelewa kitu peke yangu bila mwalimu kukirudia.

Sasa nafasi zote nina uhakika nazo isipokuwa moja, ile ya mwisho kabla ya giza. Kwa akili yangu itakuwa ile sahani yenye mwezi uliofunikwa kama kofia. Kama unazaliwa ukiwa bakuli, basi unakufa umefunikwa. Inaleta maana, sivyo? Kuna hata sahani ya pili ya bakuli, sawasawa kabisa na ya kwanza, nadhani waliichora mara mbili kwa kukosea. Lakini sitaki kubahatisha. Nasubiri mchoro wako.

Shangazi Edith amepiga simu jana. Amesema ameshaninunulia mabuti ya mvua. Mama aliponitazama nilijifanya nachambua maharage.

Kalista

*

Kaengesa
23 Juni 2025

Kalista,

Naandika haraka, Yusto amewasha gari.

Nimeuona jana na leo. Mchoro ni huu hapa. Umelala chali kama wako.

Niombee.
Monika

*

Malangali, Sumbawanga
24 Juni 2025

Monika,

Nimepokea karatasi yako. Nimeiweka juu ya ule mchoro wangu wa mwezi wa tano, ule niliobaki na nakala yake, nikaishika dirishani. Zimelingana. Ni mwezi ule ule niliokuchorea mimi.

Kama hukupata nafasi ya kutazama ungesema tu. Ningeelewa, huko mna kazi nyingi. Lakini kuchukua mchoro wangu na kunirudishia kana kwamba ni wako, na kuandika "nimeuona", hilo sikulitegemea kwako. Mstari mmoja, Monika. Uliniandikia kurasa mbili za ulezi, na kwa hili ambalo ndilo maisha yangu ukaandika mstari mmoja.

Andwele amesema, "Mwenzako ni mtawa sasa, mambo ya dunia kaacha huku." Nimemwambia anyamaze. Lakini nilipokuwa narudi nyumbani nikaona labda ana haki.

Leo nimeweka kofia. Mshumaa umezimika. Yaani hata sahani nyingine nilizokuwa na uhakika nazo sasa sina uhakika nazo. Siku zimebaki chache, na shangazi amepata mtu wa kuniletea hayo mabuti.

Sikudai kitu. Nilitaka tu ujue kwamba nimejua.

Kalista

*

Kaengesa
27 Juni 2025

Kwa binti Kalista,

Amani ya Kristo iwe nawe.

Hunifahamu. Mimi ni Sista Cornelia, mlezi wa akina Monika. Naandika kwa sababu Monika hataki kuandika, na mimi sipendi kitu kibaya kilale ndani ya nyumba yangu hadi kichachuke.

Barua yako ya juzi ameniletea mwenyewe. Sikumwomba. Aliiweka mezani, akasimama, machozi yakawa yanamtoka bila sauti. Nikaisoma. Mwanzoni sikuelewa kitu, mambo ya sahani, mshumaa na kofia. Nilidhani mmejiunga na dini nyingine. Amenieleza kila kitu jana, nami nikaelewa jambo ambalo lilikuwa linanisumbua tangu Jumapili.

Sijui kama umewahi kukamua. Ndama huachiwa anyonye kidogo ili maziwa yashuke, kisha unamwondoa na kumfunga pembeni, ndipo unakaa na ndoo yako. Jumapili alfajiri nilisubiri maziwa ya chai hayaji. Nikaenda zizini mwenyewe. Nikamkuta Monika amesimama katikati ya zizi, kwenye baridi ile inayogandisha umande, shuka limemwanguka mabegani, uso ameuinua juu, mkononi ana kipande cha penseli. Nyuma yake ndama amenyonya mpaka miguu inamlegea. Ndoo ilikuwa kavu kama ilivyotoka jikoni.

Ulikuwa bado wakati wa ukimya, basi nilimwonyesha kwa kidole tu. Baada ya chai nikamuuliza alikuwa anafanya nini. Akasema, "Nilikuwa natazama, Sista." Nikauliza anatazama nini. Aliona haya kusema ni mchezo wa kompyuta. Mimi nikadhani anatamani kwao, maana wengi husimama hivyo. Nikamwonya. Na kesho yake, Jumatatu, nikamkuta tena pale pale! Safari hii ndama alikuwa amefungwa, hilo alijifunza, lakini ng'ombe naye alikuwa amechoka kusubiri akaipiga ndoo teke. Nikamtoa kwenye zamu, nikampeleka kupepeta ulezi, nikamzuia kuandika barua kwa muda. Ule mstari mmoja unaomlaumu nao, nadhani aliuandika garini kwa Yusto kabla sijamfikia. Kumbe ningejua ningempa hata dakika tano.

Utaniuliza mwezi ulikuwaje. Siwezi kukuambia. Nimeamka alfajiri tangu nikiwa msichana kama ninyi, na asubuhi ile nilikuwa natazama ndoo. Ila naweza kushuhudia kwamba rafiki yako alikuwa anautazama, tena si kidogo. Watu kumi na wanne walikunywa chai ya rangi mara mbili kwa sababu hiyo, na mmoja wao ni mimi, nisiyeipenda.

Nimemwondolea katazo. Lakini anasema huwezi kumwamini hata akiandika. Hilo ni lako, binti yangu.

Sista Cornelia

*

Malangali, Sumbawanga
28 Juni 2025

Kwako Monika,

Sijui nianze na neno gani, kwa hiyo naanza na yaliyotokea.

Baada ya kukutumia ile barua mbaya nilitaka kuhakikisha mwenyewe kwamba mimi ndiye mwenye haki. Alhamisi nilimwamsha mama gizani, nikamsihi afungue mlango. Akadhani ninaumwa. Tulikwenda wote wawili, amejifunga blanketi, mpaka kule nyuma ya mikaratusi. Hakukuwa na mwezi. Umeshakufa, Monika. Ulikuwa umeisha, na mwingine wa alfajiri ungetoka mwezi wa saba, mlango ukiwa umefungwa. Mama akanitazama nikilia kwenye umande, akasema, "Haya, mwanangu, sasa hiki ni kitu gani?" Nikamweleza. Kwa mara ya kwanza nilimweleza yote, ile nyumba, Mbeya na hayo mabuti. Alisikiliza mpaka kukapambazuka. Hakusema nitakwenda wala sitakwenda. Akasema tu, "Sikujua unataka hivi."

Jana Yusto akaleta barua ya Sista Cornelia. Niliisomea pale pale kwenye ngazi za steshenari. Nilipofika kwa yule ndama nilicheka kwa sauti, halafu nilipofika kwenye shuka lililoanguka mabegani sikuweza kuendelea. Nimekuona kabisa. Wewe ambaye darasani ulivaa sweta mbili.

Sikuwa na njia ya kuhakikisha. Hilo ndilo nataka ulijue, Monika. Mwezi haukuwepo, picha za mtandaoni zinasema vingine, na akili yangu mwenyewe inasema kofia. Nilichokuwa nacho ni karatasi yako tu na neno "nimeuona". Nikaenda kwenye kompyuta. Nikaweka sahani zote kama nilivyoeleza, nusu ya kwanza kulia, nusu ya pili kushoto. Kisha nikachukua lile bakuli la pili, ambalo nilidhani wamelichora kwa kukosea, nikaliweka mwisho.

Andwele akasema, "Unarudia ule ule, mshumaa utazimika, utabaki na siku tatu tu." Nikamjibu, "Monika ameuona." Akaniangalia, maana hajazoea nimjibu.

Nikabonyeza.

Mlango umefunguka, Monika. Umefunguka polepole, na yule mtu wa katikati ambaye siku zote ametupa mgongo akageuka. Ni mama mmoja mzee mwenye kilemba, anacheka. Mama Precious aliacha mteja na picha zake za pasipoti akaja kutazama. Andwele aliruka akagonga kichwa kwenye rafu ya madaftari. Kwenye kioo pakatokea mahali pa kuandika jina na namba ya simu, eti watanipigia.

Jana usiku ndipo nimeelewa kwa nini ni bakuli mara mbili. Nilikuwa nimeshaandika mwenyewe kwamba mwanga unaelekea jua liliko. Jioni jua limezama chini ya mwezi. Alfajiri jua liko chini vile vile, linasubiri kutoka. Kwa hiyo mara zote mbili mwanga uko chini. Nilikuwa nalo jibu, nikaliacha nikachukua lile lililoonekana zuri kwenye karatasi. Na nilikuwa nawe, nikakuita mwongo.

Nisamehe. Sitaki uniambie kwamba si kitu, maana ni kitu. Umepoteza zamu na kuzuiwa barua, na badala ya shukrani ukapata yale maneno. Ukiweza kunisamehe, niandikie hata kurasa mbili za ulezi.

Mwambie Sista Cornelia shikamoo, na kwamba nitamletea maziwa ya kopo.

Kalista

*

Kaengesa
4 Julai 2025

Kalista wangu,

Sitasema si kitu. Niliumia. Nilikaa kwenye ungo napepeta huku nakujibu kichwani, majibu makali sana. Ungeyasikia ungekimbilia Laela mwenyewe bila mabuti. Lakini niliposoma barua yako na kufika pale Mama Precious alipoacha mteja, nilipiga kelele katikati ya bweni na nusu yao wakaamka. Nimepewa adhabu ya kufagia uwanja. Nafagia kwa furaha.

Nikuambie ukweli mmoja. Mimi mwenyewe sikuamini macho yangu. Jumapili nilipouona umelala chali nilijua hutaniamini, nikakaa nausubiri ujifunike. Ndiyo maana nilisahau ndama. Ndiyo maana nikarudi Jumatatu. Nilitaka nikuchoree kofia, Kalista, maana nilijua ndiyo unayoitaka. Penseli ilikuwa mkononi na kofia ni mstari mmoja tu. Lakini haikuwa kofia.

Basi nimekusamehe. Ukija kuniona usilete maziwa ya kopo. Sista anasema ni matusi kwa ng'ombe wake. Na sasa wenye zamu ya zizi wameongezewa muda kidogo wa kutazama juu, yeye anaita "tafakari". Kristiana ameanza kuiomba zamu yake irudi.

Je, wale wa Mbeya wamepiga simu?

Monika

*

Mbeya
22 Julai 2025

Kwako Monika,

Walipiga. Namba ngeni, nikataka kumpa mama simu apokee, mama akaweka mikono nyuma. Nikapokea mwenyewe. Nilisema "ndiyo" mara nyingi, lakini mwishoni niliuliza swali pia, niliuliza kama nije na blanketi. Wakasema nije nalo.

Basi liliposimama Laela, shangazi Edith alikuwa dirishani kwangu kabla halijatulia. Alinipitishia mahindi ya kuchemsha na yale mabuti. "Hata Mbeya mvua inanyesha," akasema, "na ukishindwa huko, sauti yako bado naisubiri hapa!" Abiria wote walicheka. Nikatoa kichwa nje, nikamwambia, "Shangazi, nitarudi likizo nikusaidie!" Nilisema kwa sauti mpaka konda akageuka.

Hapa tuko vijana kutoka mikoa mingi, karibu wote wavulana. Mwalimu wetu ni Bwana Tito, ndiye aliyetengeneza ule mchezo. Yule mama mwenye kilemba ni picha ya mama yake mzazi. Siku ya kwanza kila mmoja alitakiwa asimame aeleze alivyofungua mlango wa mwezi. Aliyetangulia alisema alijaribu sahani moja moja kwa wiki nyingi. Wa pili akasema hivyo hivyo. Zamu yangu ikafika. Nikasimama. Nikasema, "Tulikuwa wawili. Mmoja aliutazama jioni, mwingine alfajiri." Bwana Tito akauliza huyo mwingine yuko wapi. Nikasema yuko Kaengesa, na nikajikuta nasimulia yote, ukimya, zamu, ndoo na ndama. Walicheka, lakini si kunicheka mimi, Monika. Walitaka niendelee. Nilipokaa nikaona nimesimama muda mrefu kuliko wote.

Baadaye Bwana Tito akatupa kazi ya mafunzo yote. Kila mmoja atengeneze chumba chake kimoja kwenye ile nyumba, na fumbo lake litoke kwenye kitu cha kweli ambacho watu wa kwao wanakiona kila siku bila kukitazama. Wengine wamekimbilia kompyuta papo hapo. Mimi nimeomba karatasi.

Kwa hiyo niambie, na uchukue kurasa kadhaa ukipenda. Unapoamka huko kabla yetu, ukiwa kwenye ule ukimya na hakuna anayeongea, ni nini kingine unakiona? Chochote utakachoniandikia, nitakiweka kama ulivyokiona.

Wako,
Kalista